Lubumbashi, mji uliojengwa na wageni

Ndugu wasomaji, bami na wakubwa wa vijiji, viongozi wa kamati za amani, na ninyi jamaa mnaoishi kambini au katika nyumba za waliowapokea: safari hii tunawapeleka mbali kidogo na Fizi. Sababu yake ni neno lililosemwa katika mkutano mmoja hapa Baraka.

Tulikuwa tunazungumza juu ya jamaa walioshuka kutoka milima ya Itombwe na Minembwe tangu mapigano ya 2019, na juu ya wale waliorudi zamani kutoka kambi za Tanzania. Mzee mmoja akasimama, akasema: «Hapa ni kwetu. Mtu anayetaka kuishi na kila kabila aende Lubumbashi.» Watu walicheka. Lakini mama mmoja wa wahamishwa alimjibu kwa sauti ya chini: «Mzee wangu, hata huko walifukuzana.» Kicheko kikaisha.

Wote wawili walisema kweli. Tuliona kwamba wengi wetu tunalijua jina la mji ule kwa sababu ya shaba na mpira, na wengine kwa sababu wana ndugu huko, lakini historia yake hatuijui. Basi tumejaribu kuieleza.

Kabla ya reli

Shaba ya Katanga haikugunduliwa na wazungu. Karne nyingi kabla yao, wenyeji walikuwa wakiichimba, wakiiyeyusha kwa makaa ya miti na kuimimina katika umbo la misalaba midogo. Misalaba hiyo ilikuwa mali: watu walinunua nayo vitu, na walitoa mahari. Katika karne ya 19 alifika Msiri, mtu wa Unyamwezi upande wa Tabora, akajenga ufalme wake Bunkeya kwa biashara ya shaba, pembe za ndovu na, tusifiche, watumwa. Misafara yake ilifika pwani ya Mashariki, na Kiswahili kilifuata njia hizo hizo. Msiri aliuawa tarehe 20 Desemba 1891 na watu wa msafara uliotumwa na mfalme Leopold II. Tunaomba mkumbuke kwamba mfalme mkubwa wa nchi ile naye alikuwa mtu aliyetoka ng'ambo ya ziwa letu.

Shirika la Union Minière du Haut-Katanga lilianzishwa mwaka wa 1906. Mwaka wa 1910 reli kutoka kusini, iliyokuja kwa njia ya Rhodesia, ilifika karibu na mto mdogo uitwao Lubumbashi, na Wabelgiji wakapima mji hapo. Waliuita Elisabethville, jina la malkia wao. Mwaka wa 1911 tanuru la kwanza lilitoa shaba, iliyotoka katika mgodi wa Étoile, ambao watu waliuita Kalukuluku. Bomba la moshi la kiwanda, lenye urefu wa mita 153, na kando yake mlima mweusi wa takataka za tanuru, ndiyo alama ya mji mpaka leo. Mtu wa Lubumbashi akiwa ugenini, akiona picha ya bomba lile, anajua ni nyumbani.

Watu walitoka wapi?

Hapa ndipo penye jambo letu. Pale mto Lubumbashi hapakuwa na watu wengi wa kutosha kwa kazi kubwa namna ile. Kwanza shirika lilichukua watu kutoka Rhodesia ya Kaskazini, yaani Zambia ya leo, na kutoka Nyasaland na Angola. Walikaa miezi michache, katika vibanda vibaya, na wengi walikufa kwa kichomi na kuhara. Wengine walitoroka. Karibu na mwaka wa 1927 wakubwa wa shirika waliona kwamba mfanyakazi anayekuja na kuondoka kila mara ni hasara. Walibadili njia. Waliandikisha watu kwa mikataba ya miaka mitatu, wakawaruhusu kuja na bibi zao, wakajenga nyumba za matofali, hospitali na shule, na kila juma wakagawa posho. Watu hao wapya walitolewa Kasai na Lomami, na maelfu kadhaa walitoka Rwanda na Burundi.

Njia kutoka kwetu nayo ilifunguka. Reli ya Kalemie, wakati ule Albertville, ilifika Kabalo mwaka wa 1915. Reli ya kutoka Elisabethville ilifika Bukama mwaka wa 1918, na kati ya Kabalo na Bukama watu walipanda masua juu ya mto Lualaba. Mwaka wa 1956 reli za Kabalo na Kamina ziliunganishwa, na tangu hapo mtu aliyevuka kwa boti mpaka Kalemie aliweza kwenda mpaka Elisabethville kwa gari la moshi. Wazee wanaokumbuka safari hiyo bado wako katika vijiji vya pwani yetu.

Mji wenyewe uligawanywa. Wazungu walikaa katikati, kwenye barabara pana zenye miti. Waafrika walikaa upande wao, na kati yao uliachwa ukanda mtupu. Usiku Mwafrika hakuruhusiwa kuzunguka mji wa wazungu bila karatasi. Wafanyakazi wa migodi walikaa katika kambi za shirika, wa reli katika kambi za reli, na wengine katika mitaa iliyokuja kuitwa komini: Kamalondo, Kenya, Katuba, Ruashi. Majina hayo mnayasikia mpaka leo katika nyimbo na katika barua za ndugu zenu.

Shirika lilikuwa baba na mama. Mtoto alizaliwa katika hospitali yake, akasoma katika shule yake, akapata kazi kwake, na mzee akifa, shirika lilitoa jeneza. Ni jambo zuri, lakini lilikuwa pia kamba shingoni, kwani aliyepoteza kazi alipoteza nyumba, shule na chakula siku moja. Miaka ya 1930, bei ya shaba ilipoanguka duniani, maelfu ya watu walirudishwa makwao.

Desemba 1941

Wakati wa vita kuu ya pili bei za nguo na vyakula zilipanda sana, na shaba ilitakiwa kwa silaha, kwa hiyo kazi iliongezwa lakini mshahara haukuongezwa. Wazungu wa shirika walidai nyongeza. Waafrika nao wakadai, wakagoma. Tarehe 9 Desemba 1941 walikusanyika katika uwanja wa mpira wa kambi. Msemaji wao, Léonard Mpoyi, alizungumza na wakubwa wa serikali, akapigwa risasi hapo hapo. Kisha askari walifyatua juu ya watu, na makumi walikufa.

Katika uwanja ule mtu hakuulizwa kabila lake, wala na wenzake wala na risasi. Mkasai, Mbemba, Msanga, Mrwanda, wote walikuwa «watu wa kazi» tu. Historia hii haikuandikwa sana katika vitabu vya shule, lakini wachoraji wa mji waliihifadhi juu ya turubai zao, na kila nyumba iliyotundika picha hiyo ukutani ilikuwa inafundisha watoto.

Lugha isiyokuwa ya mtu mmoja

Mara nyingi tunaulizwa kwa nini Lubumbashi wanasema Kiswahili, na hali pwani iko mbali, na makabila ya hapo yanasema Kisanga, Kibemba, Kilamba, Kiluba. Sehemu ni misafara ya zamani. Lakini sehemu kubwa ni uamuzi wa serikali. Wakapita wa kwanza waliotoka kusini walileta lugha ya migodi ya Afrika Kusini, na Kiingereza kilikuwa kinaingia. Wabelgiji waliogopa kwamba Waingereza watawanyang'anya Katanga. Walipoanza kuchukua wafanyakazi ndani ya Kongo walichagua Kiswahili kiwe lugha ya kazi, ya shule za mapadri na ya kambi.

Hawakufanya hivyo kwa kutupenda. Hata hivyo matokeo yake yalikuwa makubwa. Baba wa Kasai na mama Mbemba walizaa mtoto ambaye lugha yake ya kwanza ilikuwa Kiswahili. Lugha hiyo haikuwa ya kabila lolote katika mji, kwa hiyo hakuna aliyeweza kumwambia mwenzake: unasema lugha yangu vibaya. Tena waliigeuza walivyotaka. Sisi tunakula bugali na ndagala, wao wanakula bukari na ndakala. Mtu wa Zanzibar akiwasikia atashika kichwa, na sisi wa Fizi pengine tusimcheke, kwani atatushikia kichwa sisi pia.

Kwa lugha hiyo waliandika historia yao wenyewe. Mwaka wa 1965 kundi la watu waliokuwa maboyi, yaani watumishi wa nyumbani wa wazungu, walitoa kitabu kidogo juu ya mji wa Elisabethville, kilichokusanywa na André Yav. Kinaeleza mji jinsi ulivyoonekana kutoka jikoni: majina waliyowapa mabwana, mishahara, matusi, na mambo ambayo mabwana walifikiri kwamba boyi hasikii. Miaka ya 1970 mchoraji Tshibumba Kanda Matulu alichora historia nzima ya nchi, picha zaidi ya mia moja, akizieleza moja moja kwa Kiswahili cha mji. Kundi la Mufwankolo lilicheza michezo ya kuigiza kwa redio, na watu waliacha kazi zao kusikiliza. Kwa gitaa, Jean Bosco Mwenda, mzaliwa wa Bunkeya, alisikika tangu miaka ya 1950 mpaka Nairobi na Ulaya. Na mpaka leo vijana wa mitaani wanapiga karindula, banjo kubwa ya pipa lililovikwa ngozi ya mbuzi. Ukiisikia usiku hutalala, tunawaonya.

Juu ya mpira hatuhitaji kuwafundisha. Timu mbili kubwa za mji, Mazembe na Lupopo, zilizaliwa mwaka mmoja, 1939. Ya kwanza ilianzishwa na mapadri Wabenedikto, ya pili ilitoka kwa watu wa reli. Mazembe ilichukua kombe la Afrika mwaka wa 1967, 1968, 2009, 2010 na 2015. Desemba 2010, huko Abu Dhabi, iliwashinda Wabrazili wa Internacional na kuwa timu ya kwanza ya Afrika kufika fainali ya dunia ya vilabu. Kipa Kidiaba akirukaruka kwa makalio uwanjani, nani alimuuliza kabila lake?

Jinsi mji ulivyopasuka

Sasa tufike kwenye neno la yule mama.

Katika mji wa kazi, ngazi ndizo zinazoleta wivu. Watu wengi wa Kasai walikuwa wamesoma mapema katika shule za misioni, na reli na shirika waliwapa kazi za ofisi na za ukapita. Wengine walibaki na kazi za mikono. Wakubwa wa shirika walikuwa na mazoea ya kuandika kabila la kila mfanyakazi na kusema kabila hili linafaa kazi hii, lile halifai. Ukirudia neno hilo kwa miaka 30, watu wataliamini.

Desemba 1957 Waafrika wa mji walipiga kura kwa mara ya kwanza kuchagua viongozi wa komini. Maburugumesta wote Waafrika waliochaguliwa walikuwa watu wa nje ya Katanga, na wengi wao walitoka Kasai. Kwa wapiga kura ilikuwa halali, kwani wao wenyewe walikuwa wageni kwa wingi. Kwa viongozi wa wenyeji ilikuwa aibu kubwa. Mwaka uliofuata, 1958, waliunda chama cha CONAKAT, na Moïse Tshombe akawa kiongozi wake. Tarehe 11 Julai 1960, siku 11 tu baada ya uhuru, alitangaza Katanga kuwa nchi peke yake, na shirika la migodi lilimpa kodi zake. Patrice Lumumba aliuawa karibu na mji huo tarehe 17 Januari 1961. Mwaka ule ule Waluba wa kaskazini mwa Katanga waliokuwa mjini waliogopa kuuawa, wakakimbilia kwa askari wa Umoja wa Mataifa. Makumi ya maelfu walikaa chini ya vibanda na mahema kando ya mji wao wenyewe, mpaka waliporudishwa makwao mwaka wa 1962. Ninyi mnaoishi chini ya shiti leo mnajua maisha hayo bila sisi kuyaeleza. Utengano uliisha Januari 1963.

Mwaka wa 1966 mji uliitwa Lubumbashi, na mwaka wa 1967 serikali ya Mobutu ilichukua shirika, ambalo baadaye liliitwa Gécamines. Kwa miaka karibu 20 mambo yalionekana kutulia. Shaba ilipita tani 450,000 kwa mwaka katika miaka ya 1980. Lakini faida ililiwa Kinshasa na mashine hazikutengenezwa. Septemba 1990 mgodi mkubwa wa Kamoto, karibu na Kolwezi, uliporomoka. Mwaka wa 1994 shaba iliyotoka haikufika tani 50,000. Mishahara ilichelewa, posho ikakatika.

Katika njaa hiyo ndipo siasa ilipoingia. Agosti 1992 mkutano mkuu wa taifa ulimchagua Étienne Tshisekedi, mtu wa Kasai, kuwa waziri mkuu, na Nguz a Karl-i-Bond, mtu wa Katanga, akapoteza kiti. Gavana wa jimbo, Kyungu wa Kumwanza, na vijana wa chama chake walihubiri kwamba wageni wamekula kazi za wenyeji. Watu wa Kasai waliitwa «bilulu», yaani wadudu. Ndugu wasomaji, angalieni neno hilo. Mtu akishaitwa mdudu, anayemfukuza haoni kwamba anafukuza jirani.

Likasi ilianza mwaka huo wa 1992, Kolwezi ikafuata mwaka wa 1993. Nyumba zilichomwa. Watu waliofanya kazi miaka 30 katika Gécamines, na watoto wao waliozaliwa hapo ambao Kasai hawakuijua hata kwa macho, walijaa shuleni na katika vituo vya gari la moshi wakingoja treni kwa majuma na miezi. Vitanda, redio na vyombo viliuzwa kwa bei ya kutupa. Wengi, hasa watoto, walikufa kwa magonjwa vituoni na ndani ya mabehewa. Nyumba za mchanganyiko, mume wa huku na mke wa kule, zilipasuka kati. Jumla ya waliofukuzwa ilikuwa mamia ya maelfu.

Lubumbashi yenyewe ilitishwa, na jamaa nyingi zilikimbia, lakini haikufukuza watu kwa wingi kama Likasi na Kolwezi. Kwa nini? Wenye elimu wanatoa sababu mbalimbali. Sisi tunaona kwamba ukubwa wa mji ulisaidia: palikuwa na biashara, chuo kikuu, reli na makanisa, na mkate wa watu wote haukutoka katika mfuko mmoja. Huko Likasi na Kolwezi shirika lilipokauka, kila mtu alimtazama aliyekaa naye kwenye kisima hicho kimoja.

Baadaye

Tarehe 17 Mei 1997, majeshi yake yakiingia Kinshasa, Laurent-Désiré Kabila alijitangaza kuwa rais akiwa Lubumbashi. Yeye aliishi miaka mingi katika milima yetu ya Fizi, Hewa Bora, na wazee wetu wanamjua kwa mazuri na kwa mabaya. Watu wengi wa Kasai walirudi Katanga pole pole. Mwaka wa 2003 wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines walilipwa fedha kidogo na kuondolewa kazini, na waliokuwa wakipewa posho wakaanza kulima mashamba kando ya mji. Kisha makampuni kutoka nje yalikuja. Tangu 2022 nchi yetu inatoa zaidi ya tani 2,000,000 za shaba kila mwaka, kuliko wakati wowote wa Union Minière, lakini mashine ndizo zinazochimba, na vijana wengi wanabaki kwenye karieri wakichimba kwa mikono. Mwaka wa 2006 mpiga picha Sammy Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi, aliweka picha za wafanyakazi wa zamani juu ya picha za viwanda vilivyobomoka. Ukizitazama, ni kama wale waliokufa wamesimama kuuliza kazi yao imekwenda wapi.

Tuliporudi kwa kamati ya Baraka tulieleza haya yote kwa saa moja na nusu. Kijana mmoja wa Misisi alisema kwamba karieri yao ya dhahabu ni kama Likasi ndogo: watu wa kila upande, na mfuko mmoja. Hakuna aliyembishia.

Yule mzee alikaa kimya mpaka mwisho. Kisha akauliza swali moja tu: wale wa Likasi waliporudi, nyumba zao walizikuta? Tulimjibu kwamba wengine walizikuta na watu ndani, na wengine walikuwa wameziuza kwa haraka kabla ya kupanda treni, wakiwa na karatasi iliyoandikwa kwa hofu. Yeye mwenyewe alikimbilia Tanzania mwaka wa 1996, na aliporudi alikuta mtu amejenga kwenye parseli yake. Mambo hayo yalichukua miaka kumalizika. Akamtazama yule mama, akamuuliza aliacha nyumba ya namna gani huko juu, na ng'ombe wangapi. Mama akaanza kumwambia, na sisi tukafunga daftari.